Habeas corpus na hati ya mashtaka

Habeas corpus ni maombi yanayoitaka Mahakama Kuu imwamuru anayemshikilia mtu amlete mbele ya jaji, aeleze anamshikilia kwa sheria gani. Kwa Kilatini jina hilo lataja mwili: aletwe mtu mwenyewe, si barua. Uingereza iliyatungia sheria mwaka 1679, na makoloni yake yakayarithi. Tanzania Bara iliyaweka katika kifungu cha 390 cha Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ya 1985. Kenya katika ibara ya 51 ya Katiba ya 2010.

Yanavyopitwa na wakati

Jaji huulizwa jambo moja: je, kwa sasa mtu huyu anashikiliwa kihalali? Mtuhumiwa akishasomewa mashtaka, yuko mahabusu kwa amri ya hakimu au yuko nje kwa dhamana, na polisi hawana tena wa kumleta. Maombi hutupwa, au wakili huyaondoa mwenyewe. Siku alizolala kituoni kinyume cha sheria zitadaiwa katika shauri jingine, la fidia au la kikatiba. Ndiyo maana hati ya mashtaka, hata iliyoandikwa harakaharaka, ni jibu rahisi kuliko maelezo mbele ya jaji.

Tanzania

Abdul Nondo, kiongozi wa wanafunzi, alitoweka Dar es Salaam Machi 2018 akaonekana Mafinga, kisha polisi wakamshikilia. Mawakili walikimbilia Mahakama Kuu Dar es Salaam kuomba aletwe mbele ya jaji. Machi 21 alipandishwa kizimbani mbali na huko, Iringa, akidaiwa kusambaza taarifa za uongo kuwa ametekwa. Novemba mwaka huohuo aliachiwa huru.

Kenya

Kisa cha Miguna Miguna, wakili na mwanasiasa, kinajulikana zaidi, na ni cha ajabu zaidi. Januari 30, 2018 alisimama kando ya kiongozi wa upinzani Raila Odinga, wakati Odinga akila kiapo cha "rais wa wananchi" katika bustani ya Uhuru, Nairobi. Siku tatu baadaye alikamatwa. Jaji Luka Kimaru aliamuru aletwe mbele yake. Polisi walimpeleka Kajiado Februari 6 ili asomewe mashtaka. Miguna alikataa kujibu, akisema anatakiwa Nairobi kwa amri ya Mahakama Kuu. Usiku huohuo alipandishwa ndege kuelekea Kanada. Ikiwa mashtaka yalikusudiwa kusikilizwa, mshtakiwa alisafirishwa mapema mno. Desemba mwaka huo Mahakama Kuu iliamuru alipwe fidia ya shilingi milioni 7.

Uganda

Katiba ya 1995, ibara ya 44, inakataza haki ya habeas corpus kuondolewa. Hata hivyo, mwaka 2025 Mahakama Kuu iliyakataa maombi ya mwanasiasa wa upinzani Kizza Besigye kwa kuwa alikuwa amekwisha kushtakiwa kwa uhaini katika mahakama ya Nakawa.