Nguruwe si mambo ya juzi

Wiki mbili zilizopita binamu yangu aliye Montreal alinitumia picha ya kiamsha kinywa chake. Mkate wa kuchoma, na juu yake kitu cha kijivu, kijivu kabisa, kama simiti iliyokauka nusu. Nikamwuliza, "We, uko sawa huko?" Akaniambia hiyo inaitwa cretons, ile s ya mwisho haisomwi, na ni nyama ya nguruwe iliyosagwa ikapikwa polepole na maziwa, kitunguu, mdalasini na karafuu, halafu ikaachwa ipoe mpaka ishikane. Unaipaka kwa mkate kama vile sisi hupaka siagi. Waquebec wameila tangu enzi za mababu zao. Halafu akaongeza, "Lakini usimwambie cucu."

Hapo ndipo akanishika. Maana mimi niko Ruiru, na kutoka kwa keja yangu mpaka steji nahesabu vibanda vinne vya nguruwe. Vinne! Jioni moshi ukianza kupanda, harufu inakufuata hadi kwa ngazi. Ukipanda gari kwenda Thika ni hivyo hivyo, kila kituo kuna bango lenye mchoro wa nguruwe anayetabasamu (sijawahi kuelewa anafurahia nini). Kizazi chetu kinakula hii nyama bila kuomba msamaha. Lakini ukienda ushago ukiwa na kilo moja kwa mfuko, kuna mtu atakuuliza kama umepotea. Na kila nikiposti chakula cha nguruwe, hakosi msee wa kuandika kwamba hiyo si chakula chetu, ni tabia tumeokota mjini juzi.

Basi nikaamua mambo mawili. Nitapika hiyo cretons. Na nitamjibu huyo msee, maana "juzi" ni uongo.

Tuanze na ukweli wake kidogo, kwa sababu upo. Wakikuyu wa zamani hawakufuga nguruwe. Mnyama wa heshima alikuwa mbuzi: ruracio ni mbuzi, sadaka ni mbuzi, kesi ya wazee ilimalizwa kwa mbuzi. Wanyama wa porini hawakuliwa, na nguruwe aliyejulikana hapa ni yule wa msituni na ngiri. Nguruwe wa kufugwa alikuja na walowezi mwanzoni mwa karne iliyopita, pamoja na reli na kahawa. Kwa hivyo ndiyo, ni mgeni. Lakini hata chai ni mgeni, na mahindi pia, na sijaona mtu akikataa ugali kwa sababu ya historia.

Na huyo nguruwe mgeni alipofika alikutana na kitu. Walowezi walianza kuona nguruwe wao wakifa kundi zima, haraka, huku ngiri wa hapa wanatembea tu hawana habari. Daktari wa mifugo aliyeitwa Montgomery akachunguza, na mwaka 1921 akachapisha maelezo ya kwanza kabisa ya ugonjwa huo duniani. Leo unaitwa homa ya nguruwe ya Afrika. Ni ule ule ulioingia China mwaka 2018 ukaangamiza nguruwe kwa mamilioni. Ulielezwa mara ya kwanza hapa kwetu Kenya. Ngiri hubeba virusi bila kuugua, kupe wa mashimoni hueneza, na nguruwe wa mzungu hakuwa na kinga. Ukisikia mfugaji wa Kiambu leo anakukataza kuingia bandani na viatu vyako, hiyo si maringo. Anaogopa ugonjwa wenye miaka zaidi ya 100.

Sasa twende Uplands. Wengi mnapita pale mkielekea Naivasha mkiwa mmelala kwa gari. Iko Lari, juu kule baridi inakouma, kando ya reli. Hapo ndipo palijengwa kiwanda cha nyama ya nguruwe, Uplands Bacon Factory, na kwa miongo mingi hicho ndicho kilikuwa kiwanda kikubwa cha nguruwe nchini. Nyama ilikuwa ya meza za wazungu na hoteli. Lakini mikono iliyochinja, iliyokata, iliyotia chumvi na kufukiza moshi ilikuwa ya Waafrika, wengi wao watu wa hapa hapa Kiambu. Fikiria hiyo picha. Mtu anaamka alfajiri, anashinda siku nzima ndani ya mafuta ya mnyama ambaye kwao haliwi, analipwa mshahara ambao haungemnunulia kile anachotengeneza, kisha anarudi nyumbani akinuka.

Mwaka 1947 ulikuwa mwaka mgumu. Vita vya Pili vya Dunia vilikuwa vimeisha, bei zimepanda, mishahara imebaki pale pale. Januari wafanyakazi wa Mombasa waligoma, bandari na reli zikasimama, mji mzima ukanyamaza. Jina lililotokea pale ni Chege Kibachia, kijana aliyetoka huku Kiambu, akawa kiongozi wa shirikisho la wafanyakazi Waafrika. Alipoanza kuueneza moto huo mpaka Nairobi, serikali ikamkamata mwezi Agosti na kumpeleka kizuizini Kabarnet, Baringo, mbali na kila mtu. Alikaa huko miaka mingi.

Septemba ya mwaka huo huo, wafanyakazi wa kile kiwanda cha Uplands wakagoma. Polisi wakaja. Polisi wakapiga risasi. Watu watatu wakafa na wengine wakajeruhiwa.

Nimeisoma hiyo habari mara nyingi na bado inanigonga. Shuleni tulifundishwa 1952, hali ya hatari, kesi ya Kapenguria. Labda mwalimu alitaja Uplands kwa sentensi moja, kama alitaja. Lakini miaka mitano kabla ya hali ya hatari, watu watatu waliuawa kwenye mgomo wa kiwanda cha bekoni. Kwa hivyo mtu akiniambia nguruwe haina historia na sisi, huwa najiuliza anataka historia gani tena. Tuliitengeneza hii nyama miaka mingi kabla hatujaruhusiwa kuketi mezani. Kuna watu waliolipa.

Kiwanda chenyewe kilikuja kufa miaka ya 80. Kufikia wakati huo Farmer's Choice ilikuwa imeanza, mwaka 1980, pale Kahawa, yaani karibu na huku kwetu. Ile soseji ya kuuzwa moja moja kwa kijisanduku cha kioo barabarani, ile tuliyokula tukitoka shule na kachumbari ndani, inatoka kwenye mkondo huo. Soseji ilitangulia, vibanda vikafuata.

Sasa nirudi kwa sufuria. Nilinunua nusu kilo kwa jamaa wa buchari karibu na steji. Nikamwambia asage, na asitoe mafuta. Akaniangalia. Wateja wake wote humwambia apunguze mafuta. Nikamweleza, mafuta ndiyo yanashikilia kila kitu ikipoa, bila hayo utakuwa na nyama ya kusaga tu, imekauka. Nilinunua sufuria mpya pia, kwa sababu naishi na rafiki yangu wa Lamu, ni Mwislamu, na sufuria zetu ni za pamoja. Hiyo haikuhitaji mjadala. Siku ya kupika alienda kwa dadake Thika akaniachia madirisha wazi.

Unaweka nyama kwa sufuria ikiwa baridi, unamimina kikombe kimoja cha maziwa, kitunguu kilichokatwa vidogo sana, kitunguu saumu, chumvi, pilipili manga, mdalasini wa unga, na karafuu ya unga. Karafuu kidogo! Mimi niliweka kijiko kizima cha chai na mara ya kwanza ilikuwa kama kula dawa ya jino. Robo ya kijiko inatosha. Moto mdogo, saa nzima, unakoroga ukivunja mabonge. Ikikaribia kukauka unatia chembe za mkate mkavu uliosagwa, zinyonye mafuta. Halafu unaimwaga kwa bakuli, unaishindilia, na friji usiku mzima. Hakuna kuonja kabla ya asubuhi. Ikiwa moto ni kitu kingine kabisa, haina maana.

Wakati nakoroga ndipo harufu ilinipiga, na haikuwa ya Canada. Ilikuwa ya pilau. Karafuu na mdalasini, manze, hiyo ni Eastleigh siku ya Idi. Na ukifuata karafuu unafika mahali pengine pazito. Mti wenyewe asili yake ni visiwa vya Maluku, Indonesia. Ulifika Zanzibar mapema karne ya 19, na Sultani Seyyid Said akasukuma watu waupande kila mahali, Unguja na Pemba. Karafuu huchumwa kwa mkono, chipukizi moja moja kabla hazijachanua, na mikono iliyotumika ilikuwa ya watumwa waliotekwa bara. Tufani ya 1872 ikang'oa miti mingi ya Unguja, Pemba ikashika usukani. Soko la watumwa likafungwa 1873, lakini utumwa wenyewe haukuondolewa kisheria Zanzibar mpaka 1897. Miaka hiyo karafuu nyingi za dunia zilitoka visiwa hivyo viwili. Kwa hivyo mama wa Quebec aliyekoroga sufuria yake kwenye theluji mwaka wa 1880, kuna uwezekano mkubwa kwamba alikuwa akitia kitu kilichochumwa na mtu wa huku.

Wala huyo mama hakuwa tajiri. Kati ya 1840 na 1930 karibu Wakanada 900,000 wa Kifaransa waliacha mashamba wakavuka kwenda Marekani, wengi wakaingia viwanda vya nguo vya New England. Walibeba hiki chakula, na huko kikaitwa gorton. Kilikuwa chakula cha mtu wa kiwanda: kinatumia vipande vya nyama visivyo na bei, kinakaa siku kadhaa, unakipaka mkate gizani na kukimbilia zamu. Nikiwa mdogo Makongeni, Thika, niliamshwa na miguu ya watu wa zamu ya alfajiri wakienda viwandani, chai kwenye chupa, mkate kwenye mfuko. Hao wangeielewa gorton bila kuelezwa.

Jumapili nikaipeleka kwa cucu, Gatundu. Nilimwambia ukweli kabla hajaonja, maana yeye ni Mkorino, na kumdanganya mtu mzima kuhusu chakula ni dhambi hata kwangu. Akafungua kifuniko, akanusa. "Hii inanukia pilau," akasema. Nikasema ndiyo, cucu, ni karafuu. Akaifunga polepole. Nikamweleza Uplands, wale watu watatu. Akanyamaza kidogo, kisha akasema walipokuwa watoto waliambiwa ngurwe ni ya mzungu na ukiigusa utanawa kwa majivu, lakini hakuna aliyewaambia ni nani alikuwa akiipika.

Hakuila. Alinipa chai na nduma, akaniuliza kama haiwezi kufanywa na mbuzi.

Nimejaribu. Jana usiku. Ladha ni nzuri kuliko nilivyotarajia, ila mafuta ya mbuzi yakipoa yanaganda kama mshumaa na kung'ang'ania juu ya kinywa. Nikaipasha moto na kuipaka kwa mkate ikiwa vuguvugu, ikakubali. Rafiki yangu wa Lamu amekula vipande vitatu na kuniuliza mbona sikuanza na hii. Jumapili ijayo narudi Gatundu na bakuli, na chupa ya chai ya kuiyeyushia.