Kasuku wa Wembere: Safari ya Kwenda Tunduni na Kazi Aliyonyang'anywa

Katika maduka ya ndege ya Ulaya na Marekani yuko kasuku mdogo wa kijani mwenye uso wa rangi ya chungwa, mdomo mwekundu na duara jeupe kuzunguka jicho. Wanunuzi wengi hudhani asili yake ni Amerika ya Kusini. La, huyu ni wa kwetu. Makao yake ni nyika za kaskazini mwa Tanzania: kusini mwa Ziwa Victoria, Usukumani, Nzega, Singida, hadi Serengeti na kisiwa cha Ukerewe. Urefu wake hauzidi sentimita 15, na uzito wake ni kama gramu 50. Mimi ni mwanamke wa Kisukuma, nimezaliwa Kwimba, na sasa naishi Ujerumani, ambako nafuga jozi ya ndege hawa waliototolewa hukuhuku. Nasimulia walivyofika Ulaya na namna vyombo vya matundu yao vilivyobadilika, maana bila kuijua habari hiyo mtu huingia dukani na kutoka na mapambo, akamwachia ndege njaa isiyo ya tumbo.

Kabla ya mzungu yeyote kumwandika, wazee wetu walimjua kwa hasara. Hata utotoni mwangu, uwele na mtama ukianza kukomaa, watoto tulipelekwa shambani kuamia ndege. Tulipanda juu ya dungu na makombeo yetu, tukapiga kelele toka alfajiri. Kwelea walikuja kama wingu. Hawa kasuku walikuja kwa vikundi vidogo vyenye makelele, wakining'inia kwenye masuke na kuyapukuchua punje moja moja. Jua likipanda walikwenda kunywa lamboni, kwa kuwa hawawezi kukaa mbali na maji. Jioni walirudi kwenye miti yenye mashimo au kwenye vichwa vya mivumo. Wakati wa kutaga, jike alitafuna gome la tawi, akalichana vipande virefu na kuvibeba mdomoni hadi shimoni, akajenga humo kiota chenye paa. Bibi yangu hakuwapenda, lakini alikuwa akisema hajapata kumwona mmoja wao amekaa bure, wala amekaa peke yake.

Jina lake la kitaalamu lilitokana na safari iliyoshindwa. Gustav Fischer, tabibu wa Kijerumani aliyewahi kufanya kazi Zanzibar, aliondoka Pangani mwaka 1885 kwenda kumtafuta mpelelezi Wilhelm Junker, aliyekwama kaskazini kwa sababu ya vita vya Mahdi huko Sudan. Alifika pande za kusini mwa Ziwa Victoria, akashindwa kupita, akarudi. Mwaka 1886 alifariki Berlin. Katika ndege waliotokana na safari zake alikuwemo kasuku huyu, aliyepatikana nyika ya Wembere. Mwaka 1887 Anton Reichenow, mtaalamu wa ndege wa makumbusho ya Berlin, alimtangaza kwa jina Agapornis fischeri. Mwaka huohuo alimtangaza pia ndugu yake mwenye kichwa cheusi na ukosi wa manjano, ambaye naye makao yake ni Tanzania, upande wa nyika za mibuyu.

Kufikia miaka ya 1920 ndege hawa walikuwa wakisafirishwa wakiwa hai kwenda Ulaya na Marekani. Mwaka 1930, baada ya homa ya kasuku kuua watu katika nchi kadhaa, Rais Herbert Hoover alizuia kasuku kuingizwa Marekani, na wafugaji wakajifunza kuwazalisha matunduni. Hata hivyo biashara ya ndege wa porini haikufa. Ndege za abiria zilipoongezeka, safari ikawa fupi na biashara ikawa kubwa kuliko zamani. Wategaji waliweka nyavu palepale ndege wasipoweza kukwepa, kwenye malambo ya kiangazi. Mwaka 1987 kasuku wa Fischer alitajwa kuwa ndege wa porini aliyeuzwa kwa wingi kuliko wote duniani. Mwanzoni mwa miaka ya 1990 Tanzania ilisimamisha mauzo yake. Mwaka 1992 Marekani ilitunga sheria ya kuwalinda ndege wa porini dhidi ya biashara hiyo, na mwaka 2007 Umoja wa Ulaya ukafunga mlango moja kwa moja kwa ndege wote wa porini wa kufugwa. Waliotoroka au kuachiwa walizaliana mbali na kwao. Atembeleaye Naivasha, Kenya, atawakuta chotara wa Fischer na yule ndugu yake mwenye kichwa cheusi, watoto wa ndege ambao nyikani makao yao yametengana.

Sasa tuingie tunduni. Desturi ya vyombo vya kasuku wadogo Ulaya ilianza kwa ndege wa nchi nyingine. Mwaka 1840 John Gould alirudi Uingereza kutoka Australia na kasuku wadogo wa kijani na manjano wenye mistari, na katika miongo iliyofuata wakawa ndege wa nyumba za watu wa kawaida. Kwa ajili yao yalienea matundu madogo, mengine ya duara kama kengele, yenye vijiti viwili vya mviringo vya unene mmoja, kikombe cha mbegu na kikombe cha maji. Baadaye zikaja pembea, ngazi, njuga na kioo. Kasuku wa Wembere alipofika alikuta nyumba imekwisha kupangwa, akaingizwa humo kama mpangaji.

Kila kitu katika tundu hilo kilimfaa mtazamaji. Umbo la duara lilipendeza sebuleni, ila ndege hakuwa na pembe ya kujificha wala nafasi ya kuruka hata mara mbili. Kijiti cha unene mmoja kilikuwa rahisi kukisafisha, lakini mguu uliozoea matawi manene na membamba ulikanyaga mahali palepale mwaka mzima, ukaota vidonda. Kioo kilichukua nafasi ya mwenzi. Ndege mpweke hukipenda kweli: huzungumza nacho, hata hukitapikia chakula kama anavyomlisha mwenziwe. Hicho ndicho kinachonisikitisha. Anatoa chakula chake na hakuna anayekipokea.

Mwaka 1942 Heini Hediger, Mswisi aliyeongoza bustani za wanyama, alitoa kitabu juu ya wanyama wa porini walio kifungoni. Alionyesha kwamba nyikani mnyama ana shughuli mbili kubwa, kutafuta chakula na kumkwepa adui. Kifungoni zote mbili zinaondolewa, na mnyama anabaki hana kazi. Kwa hiyo mwenye kumfuga anawajibika kumpa shughuli nyingine. Mawazo hayo yalianza katika bustani za wanyama na yalichukua miaka mingi kufika kwenye tundu la sebuleni.

Kwa kasuku wa aina hii, ushahidi mzuri wa kazi waliyozaliwa nayo ulipatikana Chuo Kikuu cha Cornell, Marekani. William Dilger aliwapa karatasi wazichane, naye akaangalia. Kasuku wa Fischer hubeba kipande kimoja kimoja mdomoni. Jamaa yake wa Namibia na Angola, mwenye uso wa waridi, huchomeka vipande katikati ya manyoya ya kiuno, kisha huruka navyo. Dilger alipata chotara wa aina hizo mbili, na mwaka 1962 akaeleza alichokiona: walihangaika kuchomeka, vipande vikaanguka, wakajaribu tena, na iliwachukua miaka kujifunza kubeba kwa mdomo. Hata walipokwisha kuweza, bado waligeuza shingo nyuma kidogo kabla ya kuruka. Nilipoisoma habari hiyo nilimkumbuka yule jike wa Kwimba na gome lake. Kuchana kumo katika damu. Tunduni kunabaki bila kitu cha kuchana.

Mwaka 2003 watafiti wa Chuo Kikuu cha California, Davis, walichapisha matokeo yao juu ya kasuku wachanga wa aina ya Amazona. Waliopewa chakula cha kutafuta na vitu vya kutafuna, kupanda na kuchezea walitunza manyoya yao. Waliokaa katika matundu matupu waliyanyonyoa wenyewe. Walionyonyoa walipopewa vitu hivyo, hali yao ilianza kuwa nzuri tena. Sheria nazo zimesogea. Ujerumani ilitoa mwaka 1995 mwongozo wa kufuga kasuku, na kwa jozi ya ndege wa ukubwa huu tundu lisiwe chini ya mita 1 kwa nusu mita kwa nusu mita. Uswisi, kwa kanuni za mwaka 2008, imekataza kasuku kufugwa peke yake.

Hayo ndiyo ninayoyabeba kichwani nikienda kununua. Kwanza naangalia kama kitu kitachanika, maana kichezeo kisichoharibika ni cha mwenye nyumba, si cha ndege. Napenda dodoki lililokaushwa, magunzi ya mahindi, maganda yake, ukindu uliosukwa na karatasi isiyo na wino. Nafunga uwele ndani ya ganda la hindi ili wautafute. Wakati mwingine nawapa suke zima, nalo nalining'iniza ili wale huku wameangalia chini, kama walivyokuwa wakila uwele wa bibi yangu. Badala ya vijiti vya dukani naweka matawi ya mtofaa yasiyopigwa dawa, membamba na manene, yakiwa na magome yake. Sahani pana ya maji ya kuogea haikosekani.

Vingine naviacha. Kamba ya katani naipenda, nami najivunia mkonge wa Tanga, lakini ikianza kufumuka naiondoa, kwa sababu uzi mmoja unatosha kumnasa kidole. Waya uliopakwa zinki siuingizi ndani kabisa: ndege hutafuna waya, na zinki humtia sumu. Njuga zenye nyufa nyembamba hunasa ukucha na mdomo. Nafasi kati ya nondo za tundu isizidi sentimita 1.2 au hivyo, kichwa kisije kikapenya. Kioo sinunui. Mwenzi wake yuko kando yake.

Dada mmoja kutoka Mwanza alinitembelea, akatazama karatasi zilizotapakaa sakafuni. "Dada, si uwape tu chakula wale?" akaniuliza. Nikamwambia, "Mdogo wangu, chakula wanacho. Hiki ni kibarua chao."

Nawaomba wasomaji wangu, mlio nyumbani na mlio ughaibuni, mambo matatu. Msinunue ndege aliyenaswa porini, hata akiuzwa kwa bei ya kutupa: idadi ya kasuku wa Fischer porini imepungua mno kuliko ilivyokuwa kabla ya biashara hiyo. Msimfuge mmoja peke yake. Na mkishamfuga, msihesabu vichezeo vilivyomo tunduni. Hesabuni saa ambazo ndege wenu anashughulika. Asiye na la kufanya toka asubuhi hadi jioni amenyimwa haki yake, hata kama tundu lake ni la dhahabu.