Mabao Tisa ya Ndaye Mulamba

Machi 1974, jijini Cairo, fainali ya Kombe la Mataifa ya Afrika ilipigwa mara mbili. Siku ya kwanza Zaire na Zambia zilitoka sare ya 2-2, Wazambia wakisawazisha dakika ya mwisho kabisa ya muda wa nyongeza. Siku mbili baadaye wakarudiana, Zaire ikashinda 2-0. Mabao yote manne ya Zaire aliyafunga mtu mmoja: Ndaye Mulamba.

Mzaliwa huyu wa Luluabourg, mji unaoitwa leo Kananga, alikuwa mshambuliaji wa AS Vita ya Kinshasa, mabingwa wa klabu za Afrika mwaka 1973. Kule Misri aliwatungua Guinea mara mbili, Mauritius mara moja, kisha katika nusu fainali, wenyeji wakiwa mbele 2-0, akafunga mawili na Zaire ikapindua matokeo kwa 3-2. Ukijumlisha na ya fainali, ni mabao tisa. Rekodi ya manane aliyoiweka Laurent Pokou wa Ivory Coast mwaka 1970 ikaanguka.

Rais Mobutu wa Zaire aliwapokea Chui wake, yaani wachezaji wa timu ya taifa, kwa zawadi za nyumba na magari. Shangwe haikudumu.

Miezi mitatu baadaye Zaire ilikuwa Ujerumani Magharibi, timu ya kwanza kutoka kusini mwa Sahara kucheza Kombe la Dunia. Ilifungwa 2-0 na Scotland, wachezaji wakagundua kwamba fedha walizoahidiwa hazingewafikia, na nusura wagome. Wakaingia uwanjani Gelsenkirchen kuwakabili Yugoslavia wakiwa wamevunjika moyo. Baada ya kufungwa bao la nne walimzonga mwamuzi, na beki Mwepu Ilunga akampiga teke. Kadi nyekundu akapewa Ndaye, asiye na kosa, katika dakika ya 22. Mchezo uliisha 9-0. Hivyo mfungaji bora wa Afrika alitolewa Kombe la Dunia kwa teke la mwenzake, na dhuluma hiyo haistahili kusimuliwa kama kichekesho, ingawa wengi hufanya hivyo.

Mwaka 1994 Shirikisho la Soka Afrika lilimtunuku heshima nchini Tunisia. Aliporejea nyumbani, watu wenye silaha walimvamia wakidhani amerudi na fedha, wakampiga risasi mguuni. Alikimbilia Afrika Kusini, na huko Cape Town shujaa wa Cairo akawa analinda magari yaliyoegeshwa mitaani. Mwaka 1998, wakati wa fainali za Burkina Faso, zilienea habari kwamba amekufa, na uwanja mzima ukasimama kimya kwa dakika moja kumwombolezea mtu aliyekuwa hai.

Alifariki Johannesburg Januari 2019, akiwa na umri wa miaka 70. Hakuna mchezaji aliyewahi kufikia mabao yake tisa katika fainali moja za Mataifa ya Afrika.