Dawa ya Magugu na Vibarua wa Kimberley

Kati ya mwaka 1975 na 1985, halmashauri ya serikali ya Australia Magharibi iliyohusika na ulinzi wa kilimo iliajiri vibarua wa kunyunyizia magugu dawa katika eneo la Kimberley, upande wa mji wa Derby. Wengi wao walikuwa Waaborijini, wenyeji wa asili wa bara lile. Jambo hilo lina historia yake. Amri ya mishahara sawa ilipoanza kutumika Desemba 1968, wenye mashamba wengi waliona heri kuwafukuza wachungaji wao kuliko kuwalipa; familia zikahamia pembezoni mwa miji, na kibarua cha serikali kikawa riziki isiyokataliwa.

Kiswahili huita dawa kile kiponyacho na kile kiuacho pia. Dawa hizi zilikuwa 2,4-D na 2,4,5-T, zilezile ambazo jeshi la Marekani lilizichanganya na kuimwagia misitu ya Vietnam. Utengenezaji wa 2,4,5-T huzaa dioksini, sumu ikaayo mwilini miaka mingi. Mwaka 1997 shirika la kimataifa la utafiti wa saratani liliithibitisha aina yake iliyo kali kabisa kuwa huwaletea binadamu saratani. Vibarua walisimulia baadaye kwamba walinyunyiza bila mavazi ya kujikinga, wala hawakuelezwa hatari.

Tarehe zenyewe zashtaki. Marekani ilisimamisha sehemu kubwa ya matumizi ya 2,4,5-T mwaka 1979. Mwaka 1983 Australia iliwaundia askari wake waliotoka Vietnam tume ya kifalme ya kuchunguza dawa hizo, nayo ripoti ya 1985 ikayakanusha mengi ya madai yao. Askari hawakuridhika, lakini angalau walisikilizwa. Miaka hiyohiyo unyunyizaji wa Kimberley ulikuwa ukiendelea.

Zamu ya vibarua ilifika mwanzoni mwa miaka ya 2000, wagonjwa na wafiwa walipopaza sauti hata serikali ya jimbo ikaagiza uchunguzi. Hapo ndipo ugumu ulipodhihirika. Askari ana daftari la jeshi lisemalo alikuwa wapi na lini. Kibarua hana ila kumbukumbu yake na ya wenzake. Aliyetakiwa kuthibitisha ni mgonjwa, ilhali karatasi, kama zipo, ni za mwajiri. Tena kundi dogo namna hii haliwatoshi wataalamu wa takwimu, na baadhi ya wale ambao wangehesabiwa walikuwa wamekwisha kufa.