Hukumu ya Upande Mmoja na Dhamana Yake: Kutoka Baraza la Wazee hadi Mahakama ya Mwanzo

Mdaiwa asipofika mahakamani siku ya shauri, mdai huruhusiwa kuthibitisha dai lake peke yake, na mahakama hutoa hukumu ya upande mmoja. Hukumu hiyo hukazwa kama nyingine yoyote, lakini mdaiwa anaweza kuomba itenguliwe. Swali gumu huzuka hapo: je, aweke kwanza fedha au dhamana, au asikilizwe mikono mitupu?

Chukua mfano wa Issuna, kata ya wilaya ya Ikungi mkoani Singida, iliyo katika nchi ya Wanyaturu, ambao kabla ya ukoloni hawakuwa na mtemi mmoja juu yao wote. Magomvi ya deni na mahari yaliamuliwa na wazee barazani. Mtaalamu wa anthropolojia Harold Schneider, aliyewachunguza Wanyaturu mwishoni mwa miaka ya 1950, aliona kwamba mifugo kwao ilifanya kazi ya mtaji na fedha. Mfugaji wa namna hiyo huweza kuwa na mali zizini na asiwe na shilingi mfukoni.

Waingereza walipotawala Tanganyika walijenga njia mbili za haki. Kwa wenyeji zilikuwepo mahakama za kienyeji. Sheria ya 1929 iliziondoa chini ya usimamizi wa Mahakama Kuu na kuzikabidhi kwa maofisa wa utawala, na rufaa ya mwisho ikaishia kwa Gavana. Sheria ya 1951 ikaziita mahakama za mitaa. Mawakili hawakuingia humo.

Njia ya pili ilitoka India. Kanuni za Mwenendo wa Madai za India za 1908, zilizotumika Tanganyika, zilimruhusu hakimu kutengua hukumu ya upande mmoja kwa masharti ya gharama, ya kuweka fedha mahakamani au mengineyo. Kwa mahakama zake za madai madogo, India ilikuwa kali zaidi: sheria ya 1887 ilimtaka mwombaji aweke kiasi chote alichoamriwa kulipa au atoe dhamana. Sababu inaeleweka. Mahakama ya madai madogo ni ya haraka, na mdaiwa mjanja angeweza kukwepa shauri makusudi, kisha kuomba lianze upya.

Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya 1963 iliunganisha njia hizo mbili, na Mahakama za Mwanzo zikazaliwa. Kanuni zake za madai, Tangazo la Serikali Na. 310 la 1964, hazikuchukua ukali ule wa India. Mdaiwa akionyesha kwamba samansi haikumfikia ipasavyo, au kwamba alizuiwa na sababu ya kutosha, mahakama hutengua uamuzi kwa masharti itakayoona yanafaa. Dhamana ikabaki mikononi mwa hakimu. Kwa nchi ya wafugaji uamuzi huo ulikuwa wa busara: aliyekuwa mbali na ng'ombe siku samansi ilipoletwa kijijini hana kosa la kulipia kabla ya kusikilizwa. Ubaya wake ni kwamba mahakimu wawili wanaweza kuweka masharti tofauti kwa mashauri yanayofanana.

Kanuni za madai za 1966, zilizochukua nafasi ya zile za India katika mahakama za juu ya Mahakama ya Mwanzo, ziliendelea kutaja malipo mahakamani kama sharti mojawapo linalowezekana.

Neno "madogo" lenyewe limepanuka. Marekebisho ya 2016 yalipandisha mamlaka ya Mahakama ya Mwanzo hadi shilingi milioni 50 kwa mali isiyohamishika na milioni 30 kwa mali inayohamishika. Deni la milioni 30 ni kundi zima la ng'ombe, na hakimu anayetengua hukumu ya deni hilo bila dhamana humwacha mdai na hatari ambayo kanuni za 1964, zilizotungwa kwa madai ya kiasi kidogo zaidi, hazikuipima. Mwaka 2021 mawakili nao waliruhusiwa kuingia katika Mahakama ya Mwanzo inayoongozwa na hakimu mkazi, na hoja ya masharti ya kutengua ikapata watetezi wa kitaalamu kwa pande zote mbili.