Acha Iniue

Wagonjwa wa kwanza wa UKIMWI nchini Tanzania walitambuliwa mkoani Kagera mwaka 1983, miaka minne tu baada ya vita na Idi Amin. Ugonjwa haukuwa na jina, watu wakaupa: Juliana. Lilikuwa jina la nguo iliyopendwa na vijana, ikiingia kwa magendo kutoka Uganda. Ukiivaa Juliana umependeza. Ikikuvaa yenyewe, unakonda hadi kaburini. Kuna waliosema ni uchawi wa wafanyabiashara wa ng'ambo ya mpaka waliodhulumiwa malipo yao. Hata kifo kilikuja kudai deni.

Kisha zikaja herufi za Kiingereza, AIDS, na mtaani zikapata tafsiri yake: Acha Iniue, Dogodogo Siachi. Ni rahisi kusema huo ni ujinga. Mimi naona kinyume. Huwezi kuutunga mzaha huo kama hujui ugonjwa unapatikanaje na unaishia wapi. Somo lote la bango la afya limo humo, isipokuwa utii.

Na kuchekea kifo hatukuanza na UKIMWI. Msibani, mtani humwigiza marehemu, huzuia jeneza lisitoke, hudai pesa, na wafiwa hujikuta wanacheka machozi hayajakauka. Lakini mtani huyohuyo huchimba kaburi, huteka maji, hupika. Ana ruhusa ya kukejeli kwa sababu ana kazi ya kufanya. Aliyesema "acha iniue" kwenye meza ya baa hakubeba jembe. Tena anayesema hapo ni mwanamume mwenye hela ya kununulia watu bia; dogodogo, yule binti ambaye huenda ndiye angeambukizwa, hakuulizwa kama naye anataka iniue.

Misemo iliendelea: ana ngoma, amekanyaga miwaya. Wazee wengi wa msiba walitangaza "malaria" au "kifua", na waombolezaji wakaitikia kwa kichwa.

Katikati ya hayo Remmy Ongala, mzaliwa wa Kongo aliyekuwa kipenzi cha Dar es Salaam, akaimba "Mambo kwa Soksi". Soksi ilikuwa kondomu, na kila mtu alielewa. Huu sasa ulikuwa mzaha uliobeba jembe. Redio ya taifa ilikataa kuupiga, kwa sababu za maadili. Matangazo ya vifo yaliendelea kusomwa kama kawaida.