Ushairi wa Kisasa na Umma

Ndugu wanafunzi wa zamani, nanyi mlio madarasani, yasemwa kwamba ushairi wa kisasa umepoteza umma kwa kuacha vina na mizani. Historia yatuonyesha sababu nyingine.

Gazeti la Mambo Leo, lililoanza mwaka 1923, lilichapa mashairi ya wasomaji wake, nao wakajibizana humo. Baada ya Azimio la Arusha la 1967, ngonjera, alizozieneza Mathias Mnyampala, zilighaniwa na wanafunzi mbele ya wazazi na viongozi. Ushairi ulikuwa na mahali pa kusikika.

Euphrase Kezilahabi alipotoa Kichomi mwaka 1974, wataalamu walibishana kama huo ni ushairi. Wachache waliuliza utasikika wapi. Sisi tuliusoma kimya, kwa ajili ya mtihani. Hata usiku mmoja mwenzetu akasoma shairi moja kwa sauti bwenini. Bweni zima likanyamaza, kisha likaomba arudie.

Basi siku ya mkutano wetu tupunguze hotuba moja, vijana wapande jukwaani na mashairi yao, yenye vina na yasiyo na vina. Umma utakuwapo, umekaa vitini.